Bajeti Huanzia Kwenye Skripti

Kabla hujaandika sini ya kwanza, kaa chini na karatasi uorodheshe vitu ulivyonavyo. Si vitu unavyovitamani, wala vile ambavyo rafiki kasema "tutaangalia." Andika nyumba ya shangazi Bagamoyo yenye ua mpana na kisima kisichotumika. Andika pikipiki ya mdogo wako, mashua ya jirani, duka la dawa ambalo mwenyewe hufunga saa tatu usiku na yuko radhi kukuachia ufunguo. Andika na watu: binamu anayecheza karate, mama wa kwaya mwenye sauti nzito, fundi cherehani anayeweza kushona vazi la zimwi kwa mabaki ya vitambaa. Hadithi yako itoke kwenye karatasi hiyo.

Ndivyo alivyofanya Robert Rodriguez na El Mariachi, filamu ya mapigano iliyotoka mwaka 1992. Rafiki yake Carlos Gallardo alikuwa mwenyeji wa Ciudad Acuña, mji wa Mexico ulio mpakani na Texas, na huko kulikuwa na ndugu na jamaa wenye baa, ranchi na mabasi. Baa ikaingia kwenye hadithi, ranchi ikaingia, basi likaingia, Gallardo mwenyewe akawa mhusika mkuu. Gharama ilikuwa kama dola 7,000, na sehemu ya fedha hizo Rodriguez aliipata kwa kujitolea mwili wake kwenye majaribio ya dawa hospitalini. Hakuwa na kikosi cha mafundi. Muigizaji ambaye hayumo kwenye sini ndiye aliyeshika taa.

Hiyo dola 7,000 lakini isikuhadae. Ilitosha kuifikisha filamu mahali pa kuonyeshwa kwa wanunuzi wa kanda za video za Kihispania. Kampuni ya Columbia ilipoichukua, ilimwaga fedha nyingi zaidi kusafisha sauti na kuiandaa kwa kumbi za sinema. Ukisikia filamu imetengenezwa kwa fedha kiduchu, uliza kwanza: hadi hatua gani?

Mwongozo huu ni kwa ajili yako unayetaka kuandika na kutayarisha mwenyewe filamu za kutisha, za mapigano au za upelelezi kwa fedha kidogo. Watu wengi hudhani kazi hizo ni mbili zilizobebeshwa mtu mmoja kwa sababu ya umaskini: akiwa na hela ataajiri mtayarishaji, yeye abaki na kalamu. Mimi naona kinyume. Mwandishi ambaye pia ndiye anayelipa ana nguvu ambayo mwandishi wa kuajiriwa hana. Anapunguza gharama kwa kalamu, kabla hajamlipa mtu hata senti. Ukishafika lokesheni na watu 20, kila badiliko lina bei. Mezani kwako ni bure.

Andika kama mtu atakayelipa

Tuchukue sini moja tuifanyie kazi. Unaandika filamu ya jini wa bahari, na rasimu yako ya kwanza inasema hivi:

NJE. SOKO LA SAMAKI. USIKU. Mvua inanyesha. Jini anaibuka baharini. Wavuvi 30 wanatimua mbio. Mashua tatu zinapinduka.

Mistari mifupi, na kila neno lina ankara yake. Usiku maana yake taa, jenereta, mafuta ya jenereta, na usafiri wa kuwarudisha watu makwao saa tisa za usiku. Mvua maana yake boza la maji, au kungoja mvua halisi ambayo haina miadi na mtu. Wavuvi 30 ni sahani 30 za chakula, mtu wa kuwapanga, na mmoja wao ambaye lazima ataangalia kamera. Mashua tatu ni wenye mashua watatu wa kulipwa fidia, pamoja na mtu wa kuokoa endapo muigizaji hajui kuogelea. Halafu jini mwenyewe: ama meikapu ya saa nne, ama kazi ya kompyuta ambayo ikikosewa ukumbi mzima utacheka.

Sasa iandike upya.

NDANI. CHUMBA CHA MWANAIDI. ALFAJIRI. Mwanaidi anaamka. Anashusha miguu, sakafu imelowa. Nyayo za maji zimetoka mlangoni hadi kitandani kwake. Hakuna nyayo zinazorudi. Upande wa pili wa chandarua, mtu anapumua.

Muigizaji mmoja, chumba kimoja, ndoo ya maji na chandarua. Unaweza kuishuti saa sita mchana ukiziba dirisha kwa kitambaa cheusi na kuacha mwanya mdogo wa mwanga. Na inatisha zaidi, kwa sababu mtazamaji analijenga jini kwa hofu yake mwenyewe, na hofu ya mtu haishindwi na kompyuta yoyote. Sikufundishi kubana matumizi tu. Filamu za kutisha ndizo rafiki wa mwenye hela ndogo kwa sababu kile ambacho huwezi kukionyesha mara nyingi hakitakiwi kuonyeshwa. The Blair Witch Project ya mwaka 1999, iliyorekodiwa kwenye misitu ya Maryland kwa takriban siku nane, haikumwonyesha mchawi wake hata mara moja, nayo iliingiza karibu dola milioni 250 duniani.

Hata hivyo usiibane filamu yote mpaka ikose pumzi. Mtazamaji aliyetoa hela yake anataka angalau tukio moja la kusimulia kesho kijiweni. Lichague mapema, liwe moja, na hela uliyookoa kwenye sini nyingine imwage hapo. Tukio hilo ndilo litakalouza trela.

Katika Halloween ya mwaka 1978 hayo yote yanaonekana. John Carpenter aliiongoza na kuipigia muziki mwenyewe; Debra Hill aliandika skripti pamoja naye na ndiye aliyeitayarisha. Bajeti ilikuwa kama dola 300,000, hela ndogo kwa Hollywood, na siku za kushuti zilikuwa 20 hivi. Hadithi inatokea majira ya kupukutika majani katika mji wa kubuni wa Illinois, ila waliirekodi California majira ya kuchipua. Wakatafuta majani makavu, wakayapaka rangi, wakayamwaga barabarani, na sini ikiisha wakayaokota kuyatia kwenye mifuko kwa ajili ya sini inayofuata. Kinyago cha muuaji kilinunuliwa dukani kwa chini ya dola mbili: sura ya Kapteni Kirk wa Star Trek, iliyopanuliwa matundu ya macho na kupakwa rangi nyeupe. Mji huo wa kubuni, Haddonfield, Hill aliupa jina la alikozaliwa, New Jersey. Mazungumzo ya wasichana watatu wa hadithi hiyo yalikuwa mkono wake hasa, na ndiyo yanayofanya uwaonee huruma baadaye.

Ukimaliza rasimu, ipasue. Kwa mpangilio wa kawaida ukurasa mmoja wa skripti hutoa takriban dakika moja ya filamu, kwa hiyo kurasa 85 hadi 90 zinatosha kabisa. Chora jedwali: kila sini, mahali pake, mchana au usiku, waigizaji waliomo, vifaa vinavyotakiwa. Kisha hesabu. Maeneo yakizidi matano, tafuta mawili yanayoweza kuunganishwa. Sini za usiku wa nje zikizidi mbili au tatu, jiulize kila moja inafanya kazi gani ambayo haiwezi kufanywa sebuleni. Mhusika mwenye mistari miwili tu, mistari yake mpe mwingine. Filamu ya siku 12 za kushuti inakutaka umalize kurasa saba na ushee kwa siku, na hiyo ni kazi ya jasho. Ukiwa na maeneo tisa hutaiweza, kwa sababu nusu ya siku itakwisha mkipakia na kupakua vyombo.

Mazimwi hatuna haja ya kuyakodi mbali. Watoto wa Pwani wamelelewa na hofu ya chunusi anayevuta waogeleaji chini, mumiani wanyonya damu, na popobawa aliyewatoa watu wa Pemba kulala nje mwaka 1995. Mussa Banzi aliliona hilo mapema; Nsyuka na Shumileta zake zilitikisa soko la video la Dar es Salaam katika muongo wa kwanza wa miaka ya 2000. Nenda kwa wazee ukawaulize. Hadithi ya bibi wa Tanga au Lamu ina undani ambao kijana aliyeangalia filamu za Marekani pekee hawezi kuutunga.

Mtu aliyeijenga njia hii

Ukitaka kumsoma mtu mmoja, msome Roger Corman, aliyefariki mwaka 2024 akiwa na miaka 98. Alisomea uhandisi wa viwandani Stanford, akaingia kampuni ya Fox akiwa tarishi, kisha msomaji wa skripti. Mawazo yake yalitumika kwenye The Gunfighter ya mwaka 1950 na jina lake halikutajwa. Baadaye akauza skripti yake, Highway Dragnet, hakupendezwa na ilivyotengenezwa, akachukua hela hiyo akaiongezea nyingine na kutayarisha Monster from the Ocean Floor, mwaka 1954, kwa kama dola 12,000. Alikuwa amesoma gazetini habari za nyambizi ndogo ya mtu mmoja. Akaiomba kampuni iliyoitengeneza imwazime, nayo itangazike kwenye filamu. Akapewa bure.

Filamu iliyofuata, The Fast and the Furious, kampuni kadhaa ziliitaka. Tatizo analolijua kila mtayarishaji mdogo ni kwamba hela ya filamu ya kwanza huchukua muda mrefu kurudi, na wakati unaingoja huwezi kutengeneza ya pili. Corman akamchagua msambazaji aliyekubali kumpa malipo ya awali kwa ajili ya filamu zaidi ya moja. Hapo ndipo alipotoka kuwa mtu mwenye filamu na kuwa mtu mwenye kazi. Ukipata mnunuzi, hata awe mdogo, usizungumze naye kuhusu filamu hiyo moja tu. Mpelekee na skripti mbili zilizokamilika.

Baadaye aliikuta seti ya filamu nyingine haijabomolewa. Charles B. Griffith akamwandikia The Little Shop of Horrors ya mwaka 1960, kichekesho cha kutisha cha mmea unaokula watu, na sehemu kubwa ikarekodiwa kwa siku mbili. Miaka 22 baadaye kikawa tamthilia ya muziki jukwaani New York. Ile seti ilikuwa imelipiwa tayari. Skripti ndiyo iliyoandikwa kuifuata. Ukisikia jirani anajenga na nyumba imebaki gofu kwa mwezi mmoja, au ukumbi wa harusi bado una mapambo ya jana, fikiri hivyo hivyo.

Hela za watu

Usimwombe mtu hela ukiwa na maneno matupu. Sam Raimi na wenzake, kabla ya The Evil Dead, walitengeneza kwanza filamu fupi ya nusu saa iitwayo Within the Woods, mwaka 1978, wakazunguka nayo kwa madaktari wa meno, mawakili na wafanyabiashara wa Michigan kuwaonyesha wanachoweza kufanya. Wewe huhitaji nusu saa. Dakika tatu za ile sini ya Mwanaidi, zenye sauti safi, zitafanya kazi ambayo andiko la kurasa 20 haliwezi.

George Romero na wenzake wa Pittsburgh walianza Night of the Living Dead kwa kuchangishana: watu kumi, kila mmoja dola 600. Baadhi ya wachangiaji waliigiza. Mmoja wa waliowekeza alikuwa na biashara ya nyama, akaleta matumbo ya kutafunwa na wafu. Damu ilikuwa sharubati ya chokoleti, kwani filamu ilikuwa nyeusi na nyeupe. Jumla ya gharama ilifika kama dola 114,000.

Sisi kuchangishana tunakujua. Kamati ya harusi hukusanya mamilioni kwa miezi mitatu. Tofauti ni kwamba mchango wa harusi haurudi, na mwekezaji wa filamu anategemea kurudishiwa. Kwa hiyo andika. Kila aliyeweka hela apate karatasi inayosema ameweka kiasi gani, atalipwa kabla ya nani, na atapata sehemu ipi baada ya gharama kurudi. Hata akiwa mjomba wako. Hasa akiwa mjomba wako, maana huyo mtakutana msibani.

Katika bajeti, weka kando sehemu ya kumi ya fedha zote na usiiguse hadi jambo liharibike, na litaharibika. Sehemu nzuri iende kwenye chakula. Watu waliokubali malipo madogo watakuvumilia mengi, ila wali mkavu saa kumi jioni hawatauvumilia, wala sioni kwa nini wauvumilie. Mpate mama lishe mmoja wa kuaminika, mlipe kwa wakati, chai iwepo saa moja asubuhi na chakula cha mchana saa saba kamili.

Siku za kushuti

Kibali kwanza. Tanzania Bara ni Bodi ya Filamu, na utatakiwa kuwasilisha skripti. Zanzibar kuna BASSFU. Kenya ni KFCB. Filamu ikikamilika hurudi huko kukaguliwa na kupangiwa daraja la umri kabla ya kuonyeshwa hadharani. Ukitaka kurusha droni, kibali chake ni cha mamlaka ya usafiri wa anga. Baada ya hapo nenda kwa mwenyekiti wa serikali ya mtaa na barua mkononi, na kama sini ina bunduki za bandia au majambazi waliofunika nyuso, taarifa ifike kituo cha polisi kwa maandishi. Watu wamewahi kupigwa mawe kwa kudhaniwa wezi.

Sauti ndiyo inayozitofautisha filamu za hela ndogo zinazoangalika na zisizoangalika. Mtazamaji husamehe picha yenye chembechembe, hasamehi mazungumzo asiyoyasikia. Ukiwa na hela ya kukodi kitu kimoja kizuri, kodi maiki pamoja na mtu anayejua kuishika, kamera tumia uliyonayo. Kabla ya kuchagua nyumba, kaa humo nusu saa bila kusema neno. Utasikia mashine ya kusaga, kuku, bodaboda, redio ya jirani. Paa la bati likipigwa na mvua hakuna mazungumzo. Nyakati za adhana zijulikane na ratiba izipishe. Hizo ndizo dakika za kunywa maji na kupanga taa. Kila mahali rekodi dakika moja ya ukimya wa chumba, mhariri atakuombea dua. Na nunua umeme wa LUKU wa kutosha siku moja kabla, kwa sababu mita huzima katikati ya machozi ya muigizaji.

Kuhusu damu, sikiliza kisa cha Wakaliga. Isaac Nabwana, aliyekuwa mfyatua matofali katika mtaa huo wa Kampala, ndiye mwenye Who Killed Captain Alex? ya mwaka 2010, filamu ya mapigano iliyotengenezwa kwa gharama inayotajwa kuwa chini ya dola 200 na ikatazamwa dunia nzima. Mwanzoni walitumia damu ya ng'ombe, hadi muigizaji mmoja akaugua ugonjwa unaotokana na mifugo. Wakahamia rangi ya chakula, wakaitia kwenye kondomu zinazopasuka chini ya nguo. Bunduki zao hutengenezwa kwa vyuma chakavu. Nabwana hakuishia kuiga Hollywood: alimweka VJ Emmie apige kelele, atanie na kushangilia juu ya filamu yenyewe, kama wafanyavyo watu wa vibanda vya video Uganda, na kama Lufufu alivyokuwa akitafsiri filamu za kigeni kwa wapenzi wa vibanda umiza vya Dar es Salaam. Aliwajua watazamaji wake wanavyokaa, wanavyocheka, wanavyobishana. Wewe watazamaji wako unawajua kwa kiasi gani? Nenda ukaangalie filamu za watu wengine pamoja nao, uwatazame wao badala ya kioo.

Haki zako

Hapa ndipo waandishi wetu wengi wanapoumizwa. Enzi za kanda na DVD mazoea yalikuwa kuuza kazi pamoja na haki zake zote kwa malipo ya mara moja, na mwenye filamu akawa anaiona kazi yake ikirudiwa kwenye televisheni kwa miaka bila kuambulia kitu.

Anza na mambo madogo. Kila muigizaji, kila mwanamuziki, kila mwenye nyumba asaini ukurasa mmoja kwamba amekubali na amelipwa nini. Wimbo wa msanii usiutumie bila ruhusa ya maandishi hata kama ni rafiki yako; video itafungiwa YouTube siku ileile inapoanza kupendwa. Ukiandika na mwenzako, kubalianeni asilimia kabla ya ukurasa wa kwanza. Kazi sajili kwenye ofisi ya hakimiliki: COSOTA, au KECOBO ukiwa Kenya. Sheria inakulinda tangu ulipoandika, ila siku ya ugomvi cheti kinaongea haraka kuliko mashahidi.

Yaliyowakuta wenzetu yanatisha kuliko filamu zenyewe. Night of the Living Dead ilibadilishwa jina na msambazaji mwaka 1968, na kwenye jina jipya tangazo la hakimiliki likasahaulika. Kwa sheria ya Marekani ya wakati huo, kukosa tangazo hilo kulimaanisha kupoteza hakimiliki. Filamu iliyozaa filamu zote za wafu wanaotembea ikawa mali ya kila mtu, na watu chungu nzima wakaiuza bila Romero na wenzake kupata kitu. Waigizaji wa The Texas Chain Saw Massacre ya mwaka 1974 waliahidiwa asilimia, wakaja kugundua kwamba ilikuwa asilimia ya sehemu ya kampuni yao tu, si ya filamu nzima. Kisha msambazaji naye hesabu zake zikawa giza. James Cameron alimuuzia mtayarishaji Gale Anne Hurd haki za The Terminator kwa dola moja, kwa sharti kwamba yeye ndiye ataiongoza. Alipata alichokitaka, filamu ikamfungulia maisha, lakini baadaye alisema wazi kuwa anaijutia ile dola.

Kwa hiyo ukiletewa mkataba, uliza: asilimia ya nini, ya mapato au ya faida? Faida inahesabiwa na nani, na ninaruhusiwa kukagua vitabu vyake? Haki ni za nchi zipi, kwa njia zipi, kwa miaka mingapi? Kituo cha televisheni kinachotaka kuonyesha filamu mara kadhaa kwa miaka miwili hakihitaji kuimiliki milele. Uza televisheni peke yake, mtandao peke yake, kumbi peke yake, nchi kwa nchi. Weka tafsiri ya Kiingereza chini ya picha tangu mwanzo, hata kama hela imebana, maana matamasha, kuanzia ZIFF la Zanzibar, hukaribisha wageni wasiojua Kiswahili, na mnunuzi anaweza kuwa mmoja wao.

Kuingia na kudumu

Usingoje filamu yako ndipo uingie kwenye kazi. Debra Hill alikuwa msimamizi wa mwendelezo kwenye Assault on Precinct 13 ya Carpenter, yule anayekaa na skripti akiangalia kwamba glasi iliyokuwa mkono wa kulia imebaki mkono wa kulia. Hakuna kiti kizuri kuliko hicho kwa mwandishi. Unaona sini ipi iliyoandikwa vizuri inakataa kuigizwa, na ni mstari upi uliopoteza saa mbili za watu 15. Hurd, yule wa The Terminator, naye alianza akiwa msaidizi wa Corman. Jitolee kwenye seti ya mtu, uombe kazi hiyo ya mwendelezo, na uifanye kwa uaminifu. Wanaokuona ukifanya kazi ndio watakaokuwa kikosi chako.

Lipa ulichoahidi, hata kiwe kidogo, kwa siku uliyosema. Mji wa filamu ni mdogo na habari husafiri kabla ya mwenye nazo. Wakati filamu ya kwanza iko kwa mhariri, andika ya pili kwa maeneo na watu uliokwisha kuwazoea, na anza kuitafutia wanunuzi kabla ya ya kwanza kukauka wino.

Mwisho, tunza mafaili. Nabwana alilazimika kufuta nakala asili ya Captain Alex ili kompyuta ipate nafasi ya filamu iliyofuata, na leo kilichobaki ni nakala yenye sauti ya VJ Emmie juu yake. Nunua diski mbili kabla ya siku ya kwanza ya kushuti na uziweke kwenye bajeti pamoja na chakula. Kila jioni, kabla kadi ya kamera haijafutwa, picha na sauti ziingie kwenye zote mbili, mtu afungue mafaili machache kuhakikisha yanacheza, kisha diski moja ibaki kwako na nyingine ilale nyumba tofauti.